Tonge la Siku ya Somo

Sogeeni, enyi watu wa milimani na enyi watu wa ziwani, mnaoanika kahawa na mnaoanika dagaa wa usipa. Punguzeni redio, mwambieni mnunuzi wa kahawa angoje barazani na mizani yake, na aliye jikoni aupumzishe mwiko kwa kitambo, kwa maana ninasimulia vita. Wapo waliosimulia vita vya majemadari na mizinga, wakasifiwa kwa hilo, nami siwaonei wivu, au nawaonea kidogo tu. Lakini hakuna hata mmoja kati yao aliyeandika jinsi Wendelin mwana wa Blasius, wa milima ya Mbuji, alivyomega tonge la ugali kwa mkono wake wa kuume akalifikisha kinywani. Mimi Aidan wa Chiwanda, mkwe wake, nilikuwepo, tena nilikuwa na njaa, na mtu mwenye njaa huwa shahidi mwangalifu.

Kwanza mjueni shujaa. Katika mwaka wa tisini na sita, mwaka ambao wanunuzi binafsi walikwisha kuzoea kupanda milima yetu na malori yao, na kila kijana alivaa koti la mtumba lenye jina la timu asiyoijua, Wendelin alikuwa na umri wa miaka sitini na mitatu. Alikuwa Mchimba Ngolo, na ngolo, kwa ninyi wenzangu wa ziwani, ni yale mashimo ambayo Wamatengo huyapanga miteremkoni safu kwa safu ili mvua isiwaibie udongo. Alikuwa Mlezi wa Mibuni. Zaidi ya yote alikuwa Hakimu wa Chumvi, kwa kuwa katika miaka thelathini na minne ya ndoa hakuna chungu cha maharage cha mkewe Kunigunda kilichopita mbele yake pasipo hukumu: ama chumvi imezidi, ama imepungua, ama, siku ya Pasaka na siku ya Noeli, imetosha. Kunigunda alizisikiliza hukumu hizo kwa heshima zote, kisha akaendelea kupika apendavyo.

Na uani pake palikuwa na sengu. Hiyo ni desturi ya Wamatengo ambayo nyumba nyingi siku hizo zilikuwa zimekwisha kuiacha: wanaume wa ukoo hula pamoja kwa mkubwa wao, kila mke akileta chungu chake, na wakiisha kushiba huamua mambo, hupatana na hukaripiana. Katika sengu ya Wendelin sheria ilikuwa moja, wala haikuandikwa popote: hakuna mkono unaogusa ugali kabla mkubwa wa nyumba hajamega tonge la kwanza. Na mkono wenyewe ni wa kuume. Wa kushoto una kazi zake, nazo hazitajwi penye chakula.

Sasa adui akaja. Alikuja mwezi Machi, mchana kweupe, kama mtu asiye na aibu, wakati Wendelin ameinama katika ngolo ya mwisho ya safu ya juu. Jina lake ni kiharusi. Hakubisha hodi wala hakupiga mbiu. Alimpiga upande wa kuume, mguu ukalegea, mkono ukaangusha jembe, na mdomo ukapinda kabla haujaita mtu. Wanaume wa ukoo wakambeba kwa machela hadi barabarani, na gari la kahawa likampeleka hospitali ya misheni. Akakaa huko wiki tano. Aliporudi, mguu ulikuwa ukiburuta lakini unakwenda, ulimi ulikuwa mzito lakini unanena, ila mkono wa kuume ulining'inia ubavuni pake, vidole vimejikunja, haumsikii tena mwenyewe.

Jioni ya kwanza sengu ilimngoja. Leopold, mdogo wake, ambaye kwa wiki hizo tano alikuwa amemega tonge la kwanza kwa niaba yake na kila siku likamkwama kooni, alinyanyuka akanena, "Kaka, sisi ni watu wako. Mega kwa kushoto. Nani hapa atakuhukumu?"

Wendelin aliutazama ugali kwa muda mrefu. Kisha akatoa hotuba, polepole, akiyabeba maneno mojamoja kama mtu anayehamisha mawe. "Ndugu zangu, nimewafundisha watoto wenu kwa fimbo kwamba kwa kushoto hatuli. Sitayala maneno yangu kwa mkono ule ule. Siku ya somo wangu, Mtakatifu Wendelin, tarehe ishirini ya mwezi wa kumi, nitamega kwa kuume. Nisipomega, chukueni sengu iende kwa Leopold, nami nitakula ndani kama mtoto anayeota meno." Akaingia ndani. Kuanzia jioni ile Kunigunda akawa anamlisha kwa kijiko, mlango umefungwa, na sisi huku nje tukawa tunakula kama watu wenye madeni.

Hapo ndipo alipotokea Tadea. Alikuwa mtaalamu wa mazoezi ya viungo wa hospitali ile, mwanamke mfupi aliyepanda milima kwa pikipiki huku amefunga kanga juu ya suruali, na mbwa wa kijiji kizima walimwogopa. Aliamkia, "Shikamoo, Mzee," akaitikiwa, "Marahaba, mwanangu," akaketi, akaushika ule mkono kama mtu anavyomshika kifaranga.

"Mzee, mkono huu haujafa," akasema. "Kilichoumia kiko kichwani, pale panapoutuma. Daraja limechukuliwa na maji, basi tunatafuta njia ya kuzunguka, na njia hupatikana kwa kupitwa mara nyingi." Kisha akazipanga silaha mezani. Kitambaa, cha kusukumwa mbele na nyuma juu ya meza, mara thelathini. Mabakuli mawili na maharage makavu hamsini, yahamishwe moja moja kutoka bakuli hili hadi lile, asubuhi na jioni. Kiti, cha kuinuka na kuketi mara kumi pasipo kujivuta, kwa ajili ya mguu. Vidonge vya presha visikose hata siku moja. Na chumvi, alisema akimgeukia Kunigunda, ipungue, tena ipungue sana. "Kazi ni nyingi," akamalizia akifunga kofia yake, "lakini lazima ifanyike yote, kila siku. Nitarudi baada ya wiki tatu."

Maneno hayo ya mwisho Leopold aliyasikia akiwa mlangoni, na kutoka hapo likazaliwa kosa ambalo ningependa kulisingizia kabila lingine, ila hakuna kabila lingine ambalo lingeliweza. Katika milima ile mtu akiwa na kazi kubwa kuliko nguvu zake, wenzake huja kwa ngokela: huja na majembe, hugawana shamba, humaliza, hunywa pombe, huenda zao. Akiugua, huja mapema zaidi. Basi jioni ile Leopold alisimama mbele ya sengu, akakohoa, akanena:

"Wana wa Blasius na wajukuu wa Blasius. Hospitali imempa kaka kazi. Nimeisikia kwa masikio yangu, na ni nyingi hata kwa mtu mzima wa afya, sembuse mgonjwa. Je, sisi tuliozimaliza ngolo zake mwezi Machi, tutamwachia peke yake bakuli la maharage?"

"Hatutamwachia," wakaitikia wote, nami nikaitikia, kwa sauti kubwa kuliko wengine, kwa kuwa mkwe hutakiwa kuonekana.

Alfajiri tukafika. Wengine walikuja na majembe kwa mazoea, wakayaegemeza ukutani. Leopold, kwa kuwa ndiye aliyewaza, alijichukulia kazi nzito ya kuinuka na kuketi. Ignatio, mwenye vidole vyepesi, alipewa maharage, akayahamisha hamsini kabla jogoo hajawika mara ya pili, akaomba aongezewe. Mimi nilipewa kitambaa, na sitaficha ukweli kwa unyenyekevu wa bure: meza ya Wendelin haikuwahi kung'aa vile tangu mti wake ulipokatwa msituni. Kunigunda, asiyejua kuvunja desturi mbele ya wageni, alipika pombe ya mahindi. Na Wendelin mwenyewe aliketi kando, ameuweka mkono wake mapajani kama mzigo wa mtu mwingine, akitutazama tunavyomfanyia mazoezi, na kila tulipomaliza alituambia, "Ahsanteni, ndugu zangu." Wiki tatu tulipigana hivyo, na siku ya tatu tu Leopold alikuwa anakandwa magoti.

Tadea akarudi. Tukampokea tumejipanga.

"Mazoezi yamefanyika?" akauliza.

"Yamefanyika yote," akajibu Leopold akijishika goti, "na mengine yamezidi."

Tadea akaushika mkono wa Wendelin, akajaribu kuvinyoosha vidole, akavitazama. Vilikuwa vimekaza kuliko alivyoviacha. "Yamefanywa na nani?" akauliza, na sisi, tusioona mtego, tukanyoosha mikono, mmoja baada ya mwingine. Nilitazamia ghadhabu. Badala yake aliketi chini na kucheka hadi akajipangusa macho kwa kanga, kisha akaacha kucheka.

"Wazee wangu," akasema, "Ignatio ana mkono mzuri sana. Tungekuwa tunautibu huo, leo ningemruhusu mgonjwa. Lakini shamba hili halilimwi kwa ngokela. Mwenye shamba ni mmoja, na jembe liko kwake." Akamgeukia Wendelin. "Na wewe, Mzee, ulijua."

"Nilijua," akasema Wendelin. "Mtu aliyesoma katekisimu anajua kwamba jirani hawezi kukutubia. Lakini walipokuwa wakifanya wao, sikulazimika kuutazama. Mwanangu, miaka yote nimeuambia mkono huu chimba, ukachimba. Nikiuambia sasa shika harage, nao usishike, basi mimi ni nani?"

Sikuwahi kumsikia akisema hivyo, na nilitamani niwe Chiwanda ninatengeneza nyavu. Aliyejibu alikuwa Kunigunda, kutoka mlango wa jikoni, na kijiko kile mkononi. "Ni Wendelin," akasema. "Tena Wendelin aliyekalia kanga yangu. Inuka, uanze na hiyo ya kuinuka."

Naye akainuka.

Tangu hapo vilikuwa vita vya mtu mmoja, na sisi tulifukuzwa. Kunigunda aliweka benchi mlangoni akalilinda na mwiko, kwa kuwa tulikuwa tunarudi kwa mazoea. Ignatio alikamatwa mara mbili amejipenyeza dirishani ili asogeze tu harage moja lililokaa vibaya. Siku ya kwanza matokeo yalikuwa maharage hamsini, Wendelin sifuri. Siku ya pili vivyo hivyo. Tadea alikuwa amemfundisha kuuloweka mkono katika maji ya vuguvugu, kuvinyoosha vidole taratibu kwa mkono wa kushoto, kukilaza kiganja mezani na kukiegemea, ndipo aanze. Naye alifanya hivyo asubuhi na jioni, akapumzika, akafanya tena, akitukana kwa Kimatengo maneno ambayo mke wangu Asteria, binti yake, alikataa kunitafsiria. Mwezi wa sita ukapita. Kufunga vidole kulirudi kwanza, lakini kufungua hakukutaka, hivi kwamba akilinyakua harage alibaki nalo ngumini kama mtoto aliyeiba.

Kisha ikawa asubuhi moja ya mwezi wa saba, wakati wa kuchuma kahawa, vidole viwili na gumba viliinua harage moja, la rangi nyekundu, likasafiri upana wa kiganja, vidole vikafunguka, nalo likaanguka katika bakuli la pili. Lilitoa mlio mdogo, lakini Kunigunda aliyekuwa akitwanga nje aliusikia, akaacha mchi ndani ya kinu. Hakuingia. Alingoja alisikie la pili, na lilipochukua muda mrefu sana kuja, bado alingoja.

Mwezi wa tisa Kunigunda alianza kumpa kila siku donge la ugali la kujifunzia. Kumega, alimega. Kuchovya, alichovya. Lakini safari ya kwenda juu ilikuwa na mlima wake: tonge lilipofika kidevuni bega lilitetemeka, kiwiko kikagoma, na tonge likarudi chini au likaangukia shati. Katika kumi yalifika matatu, na hayo matatu kwa siku njema. Leopold, masikini, alifagia uwanja wake kwa ajili ya sengu akiomba usitumike.

Na lipo jambo jingine, ambalo Kunigunda alimnong'oneza Asteria peke yake. Alikuwa ameipunguza chumvi kama alivyoamriwa, nusu, kisha nusu ya nusu, na alikuwa amekwisha kutunga majibu yake yote dhidi ya lawama. Lawama hazikuja. Miezi mizima Hakimu wa Chumvi alifumbua kinywa, akapokea kijiko, akameza, akafumba, kana kwamba chakula ni cha mtu mwingine. "Angelalamika hata mara moja tu," Kunigunda alisema, "ningepata usingizi."

Basi ikawadia Jumapili, tarehe ishirini ya mwezi wa kumi. Tulitoka misa, tukaketi uani wanaume tisa wa ukoo, nami mkwe wa kumi, niliyekuwa nimeleta usipa kutoka ziwani ili nisije mikono mitupu. Ugali ulikuwa katikati, unafuka moshi. Kando yake chungu cha Kunigunda cha maharage. Wendelin alitoka ndani kwa miguu yake, amevaa koti la harusi, akaketi mahali pake ambapo hakuna mtu aliyekuwa amekaa tangu Machi. Mimi nilimimina maji, naye akanawa ule mkono wa kuume, kidole kwa kidole, hata maji ya birika yakaisha, na hakuna aliyemharakisha.

Akanyoosha mkono. Akamega. Akachovya. Tonge likapanda hadi usawa wa kifungo cha pili cha koti, na hapo vidole vikafunguka vyenyewe, jambo ambalo mwezi wa sita tungelipigia vigelegele, na tonge likaanguka, likabiringika, na kuku mmoja mwekundu asiyejua historia akalichukua akakimbia nalo.

Nilimwona Leopold: mkono wake wa kuume uliruka kutoka mapajani ukielekea kiwiko cha kaka yake, ukasimama katikati ya njia. Akautazama. Kisha akaurudisha, akauingiza chini ya paja lake, akaukalia. Ignatio alimwona, akaukalia wake. Mmoja mmoja wakafanya hivyo, nami nikaliweka birika chini nikaukalia wangu, na tukawa pale wanaume tisa tumekalia mikono yetu, chakula kinapoa, na mwanaume mmoja anapigana.

Akamega tena, dogo zaidi. Akachovya. Likapanda, likapita kifungo cha tatu, likapita kifungo cha pili, mchuzi unatiririka kuelekea kiwikoni na kuingia katika mkono wa koti la harusi. Likafika kidevuni. Bega likatetemeka kama siku zote. Akasimama hapo hapo, hakulazimisha. Akavuta pumzi kama Tadea alivyomfundisha, akakiegemeza kiwiko kwenye goti, akapumzisha mkono ukiwa juu na tonge lake, nasi tukapumua pamoja naye. Kisha likaondoka tena. Likagonga sharubu, likapinda kidogo kuelekea shavuni, likaona mlango, likaingia.

Alitafuna. Alitafuna kwa muda mrefu, macho yametazama mbali kuelekea bonde la kahawa, na sisi tukamtazama koo. Akameza.

"Kunigunda," akaita.

"Abee," ikaitika sauti kutoka jikoni.

"Maharage haya chumvi imepungua."

Kunigunda akatoka mlangoni. Alikuwa ameshika kijiko, na uso wake ulikuwa umelowa wote, wala hakujisumbua kuupangusa. "Imepungua tangu mwezi wa nne," akasema, "kwa amri ya hospitali. Na haitaongezwa." Akaingia ndani, tukamsikia akikitupa kile kijiko katika karai la vyombo vichafu, pamoja na vingine.

Waandike wengine kuhusu miji iliyotekwa. Sisi wa sengu ile tunahesabu miaka kutoka tonge hilo, na mtoto akiulizwa alizaliwa lini hujibu kabla au baada yake, na hadi leo chungu hakijahamia kwa Leopold, wala Leopold hakuwahi kuwa na furaha kama siku ile. Aliupokea ushindi kwa kuutoa mkono wake chini ya paja ili naye ale. Ulikuwa umekufa ganzi. Wa Ignatio pia. Wangu sikuusikia kabisa, nikautikisa kama tawi. Na kwa muda wa kutosha kusali Baba Yetu moja, katika sengu nzima mkono wa kuume uliokuwa ukifanya kazi ulikuwa mmoja tu. Mwenyewe alitutazama wote kwa zamu, akamega tonge la pili bila kutungoja.